Deni Lisilo na Kibati

Siku aliyokwenda kumaliza deni, Fundi alivaa shati lake jeupe la kuendea harusi za watu. Mkewe alilipiga pasi tangu alfajiri, na alipomvalisha alimrekebisha kola mara mbili, ingawa kola ilikaa sawa tangu mara ya kwanza.

"Usikawie," alimwambia. "Wifi anakuja saa kumi, na mtoto ameomba ruhusa kazini. Nimeagiza keki."

"Keki ya nini tena?"

"Koleo alipokuja tulikata keki. Au umesahau, Fundi?"

Fundi hakuwa amesahau. Angesahau vipi? Alitoka kifua mbele, mtu wa kushona makochi mwenye vidole vilivyojaa makovu ya sindano, malipo ya mwisho ameyatia kwenye bahasha ndani ya mfuko wa shati. Kando ya bahasha aliweka noti moja ndogo, ya soda ya karani. Koleo, muuza fanicha wao wa zamani, hakuwahi kukataa soda.

Benki ilikuwa na foleni ndefu, lakini siku hiyo foleni haikumkera. Miaka sita alikuwa akija hapa kila mwezi kulipia kadi ya mkopo, pesa taslimu, mkononi, na hakuna mwezi hata mmoja aliokosa. Dirishani palikuwa na karani mgeni, binti mwenye miwani.

"Nimekuja kumaliza," Fundi alisema kwa sauti ya kusikika. Alitaka wasikie.

"Kumaliza nini, baba?"

"Deni la kadi. Hii ndiyo ya mwisho."

Karani akapiga vitufe, akaangalia kompyuta, akamwangalia Fundi, akarudi kwenye kompyuta. "Baba, hiki ulicholeta ni kiwango cha chini cha mwezi huu."

"Sawasawa. Cha mwezi huu. Na mwezi huu ndio wa mwisho."

"Nani alikwambia ni wa mwisho?"

"Aniambie nani? Nimehesabu mwenyewe. Nilichochukua nakijua. Nikaweka na faida yenu juu, tena nikawawekea faida nono, maana nyie mnavaa tai."

Mtu mmoja kwenye foleni akacheka. Karani alijaribu kusema kwa kunong'ona, lakini kioo kile kilikuwa na kitundu kidogo tu cha kupitishia sauti, na mnong'ono haukupita. Ikabidi apaze sauti, na ukumbi mzima ukapata habari za Fundi.

"Baba, unacholipa karibu chote kinaliwa na riba! Deni lenyewe linapungua kidogo sana! Bado liko karibu palepale!"

"Palepale wapi?"

"Ulipoanzia!"

Fundi alishika ukingo wa kaunta. "Sasa nitamaliza lini?"

"Kwa mwendo huu, baba..." karani alisema, akavua miwani.

"Mzee, sogea basi," sauti ikatoka nyuma. "Na sisi tuna shida zetu."

Alisukuma bahasha yake, maana hakujua la kufanya nayo zaidi ya hilo. Akapewa risiti. Kisha, kwa mazoea tu, akasukuma na ile noti ndogo. "Ya soda yako, mwanangu."

"Haturuhusiwi, baba," karani alisema, akamrudishia.

*

Hakwenda nyumbani. Alikwenda karakana kwake, akafungua mlango nusu, akakaa juu ya kochi la mteja ambalo lilikuwa bado halijatiwa sponji. Springi zilimchoma, akaziacha zimchome.

Alimkumbuka Koleo. Jina lake hasa wengi hawakulijua. Aliitwa hivyo kwa sababu ya koleo lililokaa siku zote kwenye mfuko wa koti lake. Alikuwa mfupi, kiuno kimepinda kwa kubeba makabati, na duka lake la fanicha lilinuka vanishi hadi barabarani. Kitu ulichochukua kwake kwa mkopo kilitoka dukani kikiwa na kibati chenye namba, kimepigiliwa kwa misumari miwili mahali pasipoonekana: chini ya meza, nyuma ya kabati. Alikutajia cha kuleta kila mwezi, ukakileta. Mambo yakikuwia magumu, ulikwenda ukamwambia usoni. Angekufokea, angekuuliza watoto hawajambo, kisha angesema lete nusu.

Na ukimaliza, hakukwambia dukani. Alifunga duka mapema, akaja kwako kwa miguu, koleo mkononi badala ya mfukoni. Majirani walikuwa wakimwona anapita hivyo wanaulizana, "Leo kwa nani?" Watoto wakimfuata nyuma kama wanakwenda kuona ngoma. Akiingia ndani alilala chali sakafuni na koti lake lote, aking'oe kile kibati mbele ya wenye nyumba, ndipo akae anywe chai.

Cha kwanza kwao kilikuwa cha kitanda. Ndoa ilikuwa mbichi bado, na mkewe alijifunika uso kwa aibu Koleo alipoingia mvunguni akisema, "Sasa ni chenu, gombaneni humu na mpatane humu, mimi simo." Cha pili kilikuwa cha cherehani kubwa ya kushonea makochi, hii hii iliyokuwa imesimama mbele ya Fundi sasa. Mkewe alikuwa na mimba ya binti yao. Koleo alimpa koleo akamwambia, "Ng'oa wewe, mama. Mtoto asije akazaliwa kwenye nyumba yenye kibati." Akang'oa, akiwa amepiga magoti kwa shida na tumbo lake, wote watatu wakicheka. Kibati kile mkewe alikichukua, akakifungia funguo za kabati, na mpaka leo ukisikia chwe-chwe-chwe ndani ya nyumba ujue yuko njiani. Koleo alishakufa. Dukani kwake siku hizi wanauza simu.

Ee Mola, zamani zile zilikwenda wapi! Fundi aliwaza.

Kadi ilikuja mwaka aliolazwa mkewe akapasuliwa. Kadi ilimlipa daktari. Halafu likaja friji, maana dawa zake zilitaka ubaridi, halafu mwaka wa mwisho wa chuo cha binti. Hapo Fundi akaifungia kabatini, asiiguse tena, akaanza kulipa. Kila mwezi simu ilimletea ujumbe wenye namba nyingi, na moja ilisema lipa isipungue hii. Hiyo ndiyo aliyoisoma. Koleo naye alikuwa na namba zake nyingi ambazo hazikumhusu mteja. Kwamba mtu anaweza kukutajia cha kuleta, ukakileta bila kukosa, na bado akawa hana haja umalize, jambo hilo halikuwahi kumpitia Fundi akilini.

Lakini si hilo lililomkalisha juu ya springi mpaka alasiri. Mkewe alifanya kazi ya kufua mashuka ya hospitali, na dawa za kule zilikuwa zimemla mikono hadi ikapasuka. Jioni aliipaka mafuta, akalala amevaa soksi mikononi. Miaka sita Fundi alikuwa akimwambia neno moja: "Siku nikimaliza, unaacha."

*

Sauti ya dada yake ilimpokea kabla ya dada mwenyewe.

"Huyo bwana asiyedaiwa! Mpisheni, msimguse, bei yake imepanda!"

Mezani palitandikwa kitambaa cha wageni, na vikombe vya maua vilikuwa vimetolewa kabatini. Binti yake alikuwa amekuja na sare yake ya duka la dawa. Mkewe alisimama nyuma ya keki, amevaa gauni la kijani, kisu mkononi.

"Kaka, huna habari," dada alisema. "Kesho ndiyo mwisho wa wifi yangu kwenye yale mashuka!"

"Nilimwambia msimamizi tangu wiki iliyopita," mkewe alisema, akicheka kama msichana. "Nafasi yangu ya pasi ameshampa mwingine. Akaniuliza, una hakika? Nikamwambia, mume wangu akisema mwezi huu, ni mwezi huu."

Wote wakamtazama.

"Haya, sema basi, baba," binti alisema. "Tumemaliza?"

Fundi aliitazama ile mikono iliyoshika kisu. Ilikuwa imepakwa mafuta mengi siku hiyo, inang'aa, na mipasuko ilionekana vilevile.

"Tumemaliza," alisema.

Walipiga makofi, dada akapiga na meza. Mkewe alikata keki. Kisha alimkumbatia binti yao, akalia kidogo, akajicheka kwa kulia, akaenda kumlisha mumewe kipande kwa mkono wake.

"Hawa watu wa benki hawaji na koleo?" dada aliuliza. "Hawana adabu! Haya, leteni hiyo kadi tuikate wenyewe."

Kadi ikatolewa kabatini. Mkewe akachukua mkasi mkubwa wa kukatia ngozi za makochi, akaipitisha katikati, vipande viwili vikaanguka juu ya kitambaa cha wageni. Kimoja akampa Fundi. "Weka kumbukumbu."

"Baba, mbona huli?" binti aliuliza.

"Nimeshiba kwa furaha," Fundi alisema. Kile kipande cha kadi akakitia mfukoni.

*

Asubuhi mkewe alikuwa akipanga vipande vya keki kwenye kopo la biskuti, vya wenzake wa kazini, huku akiimba kwa puani. Fundi alikaa ukingoni mwa kitanda. Usiku mzima hakupata hata lepe la usingizi.

"Mama watoto, kaa kidogo."

"Nikae nichelewe siku yangu ya mwisho?"

"Si ya mwisho."

Alimweleza yote, tangu bahasha hadi noti ya soda. Mkewe alikaa taratibu, kopo mapajani.

"Kila mwezi ulilipa?"

"Kila mwezi."

"Na wao wakapokea."

"Wakapokea. Na risiti wakanipa."

"Na hakuna hata mmoja aliyekwambia."

"Sikuuliza. Nilijua nikimaliza wataniambia."

"Kama Koleo."

"Kama Koleo."

Fundi alingoja apigiwe kelele. Angeshukuru kupigiwa kelele. Mkewe alifunika kopo, akalifunua, akalifunika tena.

"Wale wamekuzunguka, sawa," alisema mwishowe. "Hukujua. Hata mimi ningelipa hivyo hivyo. Lakini jana ulijua, bwana mkubwa. Ulijua, ukaniacha nikate keki."

Tangu walipooana alimwita Fundi, kama mji mzima ulivyomwita, ila yeye alilitamka jina hilo kwa namna yake. Bwana mkubwa lilikuwa jina la wenye madaraka na la wateja wasiolipa.

"Nilishindwa," Fundi alisema. "Niliona ulivyovaa, nikashindwa."

"Umeniacha nikalia mbele ya mtoto. Umeniacha nikakulisha." Alijipangusa uso kwa mgongo wa mkono, akasimama. "Vaa viatu. Unakwenda kumwambia msimamizi mwenyewe. Mimi sina mdomo wa kuomba nilichokataa."

*

Chumba cha kufulia kilikuwa nyuma ya hospitali, chini, kwenye joto na mvuke. Wenzake walikuwa wamewahi kufika. Juu ya meza ya pasi walikuwa wamekunja mataulo na mashuka wakafanya kama maua, katikati wakaandika kwa foronya: KAPUMZIKE. Walipomwona wakaanza kuimba. Wakamwona na mumewe, amevaa lile shati jeupe la jana, wakadhani amekuja kumsindikiza kwa heshima, wakaimba zaidi.

Msimamizi alikuwa mama mnene mwenye sauti ya taratibu. Hakuwa mtu mbaya. Alimsikiliza Fundi hadi mwisho, na Fundi hakujipunguzia kosa hata kidogo.

"Pole, mzee," alisema. "Lakini wa pasi nimeshamwandika. Huyo pale, leo anaanza. Nina nafasi upande wa mabichi tu."

Upande wa mabichi ni kutoa mashuka kwenye mashine yakiwa yamelowa, mazito kama mtoto aliyelala, na kuyabeba hadi kwenye vikaushio, maji yakikushukia miguuni. Hapo ndipo mkewe alipoanzia kazi akiwa msichana. Ilimchukua miaka kutoka pale akafika kwenye pasi, mahali pakavu, penye stuli ya kukalia.

"Na mshahara?" Fundi aliuliza.

"Wa mabichi, mzee."

"Nipe buti," mkewe alisema.

Nyimbo zilishakatika. Mkewe alifungua kopo, akaanza kugawa keki, mmoja mmoja, na yule mgeni wa pasi akampa kipande kikubwa kuliko cha wote. "Kuleni. Keki haina kosa."

"Sasa tunasherehekea nini, dada?" mmoja aliuliza kwa kuogopa.

"Kurudi kwangu," alijibu, na wale wanawake wakacheka kwa nguvu, kicheko cha watu wanaotaka kumsitiri mwenzao.

Hakumtazama mumewe. Alivaa buti za mpira zilizomzidi miguu, akapandisha gauni akalifunga kiunoni, akavuta shuka la kwanza. Lilimvuta na yeye. Akajikaza, akalivuta tena, likatoka. Fundi alitoka nje, akasimama kwenye ujia watu wakipita na machela, akalia, na hakujificha.

*

Alirudi benki na binti yake. Safari hii waliingizwa chumba chenye mlango, na ofisa akawaeleza kwamba deni la kadi laweza kuhamishwa likawa mkopo wa kawaida, wa riba ndogo zaidi, ila cha kulipa kila mwezi kingekuwa kizito.

"Huo una mwisho?" Fundi aliuliza. Hilo tu ndilo lililomleta.

"Una mwisho, mzee. Miaka mitatu, mkilipa bila kukosa."

"Na siku ikifika, mtaniambia?"

Ofisa akacheka, akadhani ni utani. "Utaona kwenye simu."

Njiani binti alimshika mkono kama alivyomshika yeye zamani akimpeleka shule. "Tutasaidiana, baba. Cha chuo changu nalipa mimi." Fundi akaitikia kwa kichwa.

Nyumbani maneno yalikuwa ya kuhesabu. Chumvi iko wapi, umeme umekatika, fundi bomba amepita. Kila mara bwana mkubwa. Siku moja Fundi akasema amepata mtu wa kununua cherehani, pesa zake zingepunguza deni, naye mkewe angeacha yale mabuti mapema. Mkewe alikuwa amelowesha miguu kwenye beseni. Aliinua kichwa.

"Ukiuza cherehani utashonea meno?"

Haukuwa msamaha, lakini Fundi alilala siku hiyo.

Jumapili moja mkewe akiwa zamu, alichukua kifuniko cha lile kopo la biskuti lililobeba keki. Akakata kipande kwa mkasi wa bati, akakisugua kingo zisije zikamkata mtu, akakitoboa matundu mawili. Namba hakuandika. Akaingia mvunguni mwa kitanda na tochi, nyundo na misumari miwili. Akapapasa ubao kwa vidole mpaka akayapata: matundu mawili ya zamani, ya kibati cha Koleo, yamejaa vumbi. Akakiacha kidole juu yake. Aliwaona wote watatu tena, yeye na mkewe vijana, Koleo akicheka huku chini na koti lake.

Chwe-chwe-chwe. Mlango ukafunguliwa, harufu ya sabuni ya hospitali ikaingia kabla ya mwenyewe.

"Unatafuta nini huko?" mkewe aliuliza. Aliona miguu yake tu.

"Naweka kibati."

"Cha nini?"

"Cha deni. Wao hawana, nimewatengenezea. Koleo liko hapo juu ya meza, ni lako. Siku ikifika utaking'oa wewe."

Kitanda kilishuka juu ya kichwa cha Fundi, mkewe amekaa. Mbele ya macho yake miguu ya mkewe ilitoka kwenye viatu, myeupe, imekunjamana kwa kushinda kwenye maji. Fundi aliitazama miguu ile akatamani kusema samahani tena, lakini alikuwa ameshaisema mara nyingi, nayo haikukausha shuka hata moja. Akaweka msumari wa kwanza, akagonga. Akaweka wa pili.

Mkono ulishuka kutoka juu ya kitanda, mkavu, wenye mipasuko, funguo zikining'inia kidoleni pamoja na kibati cha zamani. Ukapapasa chini ya ubao, ukakifikia kipya, ukapita juu yake polepole kutoka ukingo hadi ukingo, kama anayepima kitambaa.

"Fundi," mkewe alisema. "Usikipigilie sana."